Haki ya Mtungaji wa Kitabu

Mtu akiibiwa mbuzi, huliona zizi lake tupu. Lakini kitabu kikinakiliwa, kile cha kwanza hubaki mahali pake kamili. Kwa hiyo watu wengi huuliza: Hapo ameibiwa nani, na ameibiwa nini?

Swali hili lilimsumbua Charles Dickens, mtungaji wa hadithi wa Uingereza. Mwaka 1842 alivuka bahari kwenda Marekani, akapokewa kwa shangwe na karamu, kwa maana hadithi zake zilipendwa sana huko. Lakini wakati ule sheria ya Marekani haikuvilinda vitabu vya wageni. Merikebu ilipoleta kitabu kipya kutoka Uingereza, wapiga chapa walikitwaa upesi, wakakipiga chapa, wakakiuza kwa bei rahisi. Na mara nyingi mtungaji hakupata hata senti moja.

Dickens alisimama karamuni, Boston na Hartford, akaomba iwekwe sheria ya haki. Magazeti mengi yalimlaumu, yakasema ana tamaa ya fedha. Tena walikuwako waliosema ya kuwa vitabu vya bei rahisi viliwafaa maskini. Neno hilo halikuwa uongo. Lakini mwenye karatasi alilipwa, mwenye wino alilipwa, mchukuzi alilipwa. Aliyekosa ujira ni yule ambaye bila yeye pasingekuwa na kitabu. Sheria ilipatikana mwaka 1891, naye Dickens alikwisha kufa mwaka 1870.

Siku hizi haihitajiwi merikebu wala mtambo wa chapa. Mwenye simu aweza kupeleka kitabu, wimbo au picha kwa watu elfu kwa njia ya intaneti, kwa muda wa dakika moja. Kwa kuwa hauzi, hudhani ametenda wema tu. Lakini ukarimu ni kutoa kilicho chako. Agawaye kazi ya mwenziwe bila idhini hutoa sadaka kwa mfuko wa mtu mwingine.

Wala haki hiyo si ya milele. Sheria huiwekea muda, na muda ukiisha kazi huwa ya watu wote. Hata leo kila mtu ana ruhusa kunakili hadithi za Dickens. Bali kazi ambayo muda wake haujaisha, mwenyewe aulizwe kwanza. Akikubali, na igawiwe kwa furaha. Akikataa, jasho ni lake.