Kwa Nini Zuhura Inaungua na Dunia Haiungui?

Hebu tuanze na swali. Ni sayari gani yenye joto kali kuliko zote katika mfumo wetu wa jua? Kama umejibu Utaridi kwa kuwa ndiyo iliyo karibu zaidi na jua, usijali, wengi hujibu hivyo hivyo. Jibu ni Zuhura, ile "nyota" kubwa inayong'aa magharibi jua likishazama, au mashariki kabla hakujapambazuka.

Utaridi iko kilomita milioni 58 kutoka kwenye jua. Zuhura iko kilomita milioni 108. Mchana Utaridi hufika nyuzijoto 430 hivi, lakini usiku hushuka hadi 180 chini ya sifuri, kwa sababu haina angahewa ya maana ya kulishika joto. Zuhura haijui usiku wala mchana: ardhi yake ina nyuzijoto 464 hivi muda wote. Madini ya risasi huyeyuka kwenye 327 tu.

Tena mawingu yake mazito ya asidi ya salfuriki hurudisha angani karibu robo tatu ya mwanga wa jua. Ukipiga hesabu, Zuhura inafyonza mwanga mchache kuliko Dunia yetu! Sasa joto lote hilo linatoka wapi?

Chukua watu wawili wanaoota moto. Mmoja yuko karibu na jiko lakini hana shati. Mwingine amekaa mbali, ila amejifunika mablanketi kumi. Huyu wa pili ndiye Zuhura. Angahewa yake ni kaboni dioksaidi, ile tunayoiita hewa ukaa, kwa asilimia 96. Mwanga kidogo unaofika chini hupasha ardhi, ardhi nayo hutoa joto kwenda juu, na hewa ukaa hulinasa lisitoke kirahisi.

Na blanketi lenyewe si mchezo. Kanieneo ya hewa pale chini ni mara 92 ya hapa kwetu, sawa na kuwa baharini kwenye kina cha mita 900 hivi. Chombo cha Kisovieti Venera 7, cha kwanza kutuma taarifa kutoka juu ya ardhi ya sayari nyingine, kilidumu dakika 23 tu mwaka 1970. Mwaka 1982 Venera 13 ilijitahidi ikafika dakika 127, ikapiga picha za rangi, kisha nayo ikanyamaza.

Sasa hapa ndipo panaponishangaza mimi kila mara. Zuhura na Dunia zinakaribiana ukubwa, na kiasi cha kaboni zilicho nacho kinakaribiana pia. Ya Zuhura iko hewani. Ya kwetu iko wapi?

Ukifika Lamu au Mji Mkongwe wa Unguja, gusa ukuta wa nyumba ya zamani. Umeigusa. Mvua huyeyusha hewa ukaa kidogo, humomonyoa miamba, na mito hupeleka kalisi baharini. Huko konokono na matumbawe hujengea magamba na mifupa yao, ambayo baada ya muda mrefu huwa mawe ya chokaa. Kaboni imefungiwa ndani. Mafundi wa pwani walipochoma matumbawe kwenye tanuu ili wapate chokaa, waliifungulia tena. Viwanda vya saruji hufanya hivyo hivyo leo.

Kazi yote hiyo inahitaji maji, na Zuhura karibu haina. Wanasayansi bado wanabishana kama iliwahi kuwa na bahari, ila alama ya maji yaliyopotea ipo: mwaka 1978 vyombo vya Pioneer Venus viligundua kuwa haidrojeni nzito, ukilinganisha na ile ya kawaida, ni zaidi ya mara 100 ya kiwango cha Dunia. Mvuke ulipopanda juu, miale mikali ya jua iliuvunja. Haidrojeni nyepesi ikatoroka, nzito ikabaki. Bila maji, hakuna wa kuirudisha kaboni kwenye mawe.

Je, nasi tutakuwa Zuhura? Kwa moshi wetu peke yake, hapana. Tuko mbali mno. Ila kanuni ni ile ile. Kabla ya viwanda hewa yetu ilikuwa na sehemu 280 hivi za hewa ukaa katika kila sehemu milioni. Leo zimepita 420. Mvua na bahari zitaifungia tena kwenye mawe, lakini kwa mwendo wao, yaani miaka laki kadhaa. Sisi tunaifungulia kwa miongo.

Kwa hiyo jioni ukiiona Zuhura iking'aa, kumbuka kuwa mng'ao ule ni mawingu ya asidi, na kwamba kaboni iliyoko chini yake tunayo na sisi. Tumeikalia.