Tarakilishi Nayo Hupata Homa

Je, umewahi kusingiziwa jambo ambalo hukulifanya? Mimi nimewahi, na aliyenisingizia hakuwa na ubaya wowote nami. Sisi sote wawili hatukujua jinsi tarakilishi, au kompyuta kama wengi tunavyoiita, inavyojilinda dhidi ya joto. Ndiyo maana nimeshika kalamu niwaeleze.

Mimi naishi Ruiru na kila asubuhi napanda matatu kuja shuleni hapa Thika. Nauli hunisumbua sana, kwa hivyo wakati wa likizo ya Disemba nilipata kikazi katika saiba moja mtaani kwetu. Jumamosi moja adhuhuri, jua likiwaka kwelikweli, mteja mmoja alikuwa akichapa barua ya kuomba kazi. Alikuwa amefika ukurasa wa pili. Mara tarakilishi ikazima! Barua yote ikapotea kwa kuwa alikuwa hajaihifadhi. Stima haikuwa imepotea, maana taa na tarakilishi zingine zilikuwa bado zinawaka. Mimi ndiye niliyekuwa nikifagia karibu na meza ile.

"Kijana, umepiga waya teke," mama mwenye saiba akaniambia.

"La, mama, sijaugusa."

"Kwani imejizima yenyewe? Hiyo hasara ni yako."

Akanikata shilingi 200. Nikarudi nyumbani nimenyong'onyea kama kuku aliyenyeshewa.

Jumatatu akaitwa fundi kutoka Thika. Kabla hajashika bisibisi, aliwasha ile tarakilishi na kufungua programu iliyoonyesha nambari moja tu: 61. Akafungua video mbili kwa pamoja. Nambari ikapanda: 70, 84, 96. Video zikaanza kukwama. Kisha tarakilishi ikazima, na hakuna mtu aliyekuwa karibu na waya. Mama akanyamaza kimya.

Sasa hebu tuangalie kilichotokea. Ubongo wa tarakilishi huitwa prosesa. Karibu umeme wote inaoula hugeuka kuwa joto, kama vile jiko la stima. Juu ya prosesa huwekwa bamba la chuma lenye mapezi, na juu yake feni ya kupuliza joto litoke nje. Ndani ya prosesa mna kihisi, yaani kipimajoto kidogo sana kisichoonekana kwa macho. Ile nambari ya fundi ilikuwa nyuzijoto zilizosomwa na kihisi hicho.

Lakini programu husomaje kihisi? Hapa ndipo penye jambo lenyewe. Vihisi hutengenezwa na viwanda vingi, na kila kimoja kina namna yake ya kutoa habari. Kama kila mwandishi wa programu angelazimika kujifunza namna zote hizo, angezeeka kabla ya kumaliza. Kwa hivyo wataalamu wameandika maktaba za programu. Ni kama maktaba yetu ya shule: huhitaji kuandika kamusi yako mwenyewe, unaazima iliyopo. Katika mfumo wa Linux, kwa mfano, kuna lm-sensors, ambayo ndani yake mna maktaba inayojua lugha za vihisi vya aina nyingi. Programu yoyote huiuliza, "Joto ni ngapi?" nayo hujibu kwa nyuzijoto. Maktaba nyingine, libcpupower, hutumiwa kusoma na kubadilisha mwendo wa prosesa.

Mambo haya hayakuanza jana. Mwaka 1992 kampuni za Intel na Microsoft zilitoa kanuni za kusimamia umeme katika tarakilishi, zikiitwa APM. Disemba 1996, kampuni hizo pamoja na Toshiba zikatoa kanuni pana zaidi ziitwazo ACPI. Kanuni hizi mpya ziliupa mfumo endeshi, kama vile Windows au Linux, mamlaka ya kuamua lini feni izunguke, lini mwendo upunguzwe na lini mashine ilale.

Uamuzi huo hufuata ngazi. Joto likifika kiwango cha kwanza, feni huongezewa kasi. Likizidi, prosesa hupunguziwa mwendo. Likifika kiwango cha hatari, mashine huzimwa. Na hata programu ikishindwa, prosesa za kisasa zina kinga yao wenyewe ya kukata umeme zisije zikaungua. Prosesa nyingi za Intel huanza kujipunguza mwendo zikikaribia nyuzijoto 100.

Huenda ukauliza, kwa nini kupunguza mwendo kunasaidia hivyo? Tuazime hesabu kidogo. Umeme unaotumiwa na prosesa ikiwa kazini hufuata mwendo wake ukizidishwa kwa kipeo cha pili cha volti. Tukipunguza mwendo kwa asilimia 10 na volti kwa asilimia 10, tunapata 0.9 mara 0.9 mara 0.9, ambayo ni 0.729. Yaani tumepoteza sehemu moja tu kwa kumi ya mwendo, lakini tumeokoa zaidi ya robo ya umeme, na joto likapungua vivyo hivyo.

Faida nyingine iko kwenye tokeni. Uniti moja ya stima ni wati 1,000 kwa saa moja. Tarakilishi 10 zinazokula wati 100 kila moja, zikiwaka saa 8, humaliza uniti 8 kwa siku. Zikiwekwa zilale zenyewe wakati hazina mtu, tuseme saa 3, karibu uniti 3 zinaokolewa.

Simu zetu nazo zina ulinzi huu. Tangu Android 10 ya mwaka 2019, programu za simu zinaweza kuuliza hali ya joto na kujibiwa kwa ngazi saba, kuanzia salama hadi kuzima. Tena, njiani kati ya Ruiru na Thika tunapita Juja, kwenye Chuo Kikuu cha Jomo Kenyatta. Chuo hicho kilishiriki kuunda tabuleti za shule za msingi katika mradi wa serikali ulioanza 2016. Tabuleti kwa kawaida haina feni, kwa hivyo programu ya kupunguza mwendo ndiyo tegemeo lake kubwa.

Turudi kwenye saiba. Fundi alipofungua kasha, tuliona vumbi jekundu la Ruiru limelala juu ya yale mapezi kama blanketi, na feni haizunguki kamwe. Programu ilikuwa imefanya kazi yake: ilipunguza mwendo, na ndiyo sababu video zilikwama. Lakini programu haiwezi kufagia vumbi. Wiki nzima wateja walilalamika kwamba mashine ile ni nzito, nasi tukapuuza. Dalili ya mvua ni mawingu.

Fundi alipangusa vumbi na kubadilisha feni. Zile video mbili zikachezwa tena, na nambari ikakomea 58. Mama alifungua mkoba, akanirudishia shilingi zangu 200 na kuniambia, "Pole, mwanangu." Nilifurahia neno hilo kuliko pesa.

Wenzangu, tusiweke vitabu juu ya matundu ya hewa ya tarakilishi za shule, wala tusipanguse ubao karibu nazo, kwani vumbi la chaki huingia ndani. Mashine ikianza kuwa nzito, tumwarifu mwalimu mapema. Na ikizima ghafla, tupime joto lake kwanza kabla ya kumnyooshea mtu kidole.