Mlima Hanang: Volkeno Iliyonyamaza na Hatari Yake

Volkeno ni tundu au ufa katika gamba la dunia, ambamo miamba iliyoyeyuka, gesi na majivu hupenya na kutoka nje. Mkoani Singida hakuna mlima utoao moto. Hata hivyo, msafiri atokaye Singida mjini kwenda Babati hupita Katesh, chini ya Mlima Hanang, wenye kimo cha zaidi ya mita 3,400. Na mlima huo ni volkeno.

Asili yake ni Bonde la Ufa. Chini ya nyanda za Singida kimelala kipande kikongwe na kinene cha gamba la dunia, chenye umri unaozidi miaka bilioni mbili na nusu. Bonde la Ufa likitoka kaskazini hugota kwenye ukingo wa kipande hicho na kutawanyika kuwa nyufa nyingi. Kwa njia ya nyufa hizo miamba iliyoyeyuka ilipanda juu, na takriban miaka milioni moja iliyopita Hanang ikajengeka, tabaka la lava juu ya tabaka la majivu. Karibu nayo, huko Basotu, milipuko ya kale iliacha mashimo ambayo sasa yana maji.

Volkeno iliyo hai katika ukanda huu ni Ol Doinyo Lengai, kusini mwa Ziwa Natron. Ililipuka mwaka 1917, 1940, 1966 na tena 2007. Lava yake ya kawaida ina magadi mengi, na joto lake halifiki digrii 600 za sentigredi, ilhali lava ya volkeno nyingine aghalabu hupita digrii 1,000.

Alfajiri ya tarehe 3 Desemba, 2023, tope, mawe na magogo viliporomoka kutoka Hanang hadi Katesh na vijiji jirani, na watu zaidi ya 80 wakapoteza maisha. Wako waliodhani kwamba mlima umelipuka. Wataalamu waliochunguza hawakuona dalili yoyote ya mlipuko; sehemu ya mlima iliyokuwa dhaifu ilinyonya maji ya mvua nyingi, ikalemewa na uzito wake, ikameguka. Majivu ya volkeno na miamba iliyooza hushikamana vema ikiwa mikavu, lakini ikishiba maji huteleza kama uji.

Ni dhahiri, basi, kwamba volkeno iliyonyamaza haihitaji moto ili idhuru, mvua hutosha. Majivu yale yale yarutubishayo mashamba ya ngano ndiyo yageukayo tope. Kwa hiyo yafaa nyumba zijengwe mbali na makorongo yashukayo mlimani, na misitu ya miteremko ihifadhiwe. Kadhalika, kijito kikipungua ghafla ilhali mvua yaendelea kunyesha, huenda kimezibwa huko juu. Hapo wakazi wasingoje kuona moshi kileleni. Waondoke mara moja, waelekee mahali palipoinuka, mbali na mkondo.