Filamu isiyo na picha: kwa nini macho huona rangi ambazo hazipo?

Panda basi la asubuhi kutoka Bariadi, kaa dirishani upande wa jua, kisha fumba macho gari likipita kando ya mstari wa miti. Mwanga, giza, mwanga, giza. Ndani ya kope huenda ukaona vimiraba, mistari, hata rangi zinazozunguka. Nani kavichora? Ubongo wako mwenyewe.

Mwaka 1966 Mmarekani Tony Conrad alitengeneza filamu ya dakika 30 kwa wazo hilohilo, The Flicker. Ukiacha maandishi ya mwanzoni, haina mtu wala hadithi: ni fremu nyeupe tupu na nyeusi tupu zinazopokezana kwa kasi inayobadilika. (Peter Kubelka wa Austria alishafanya kitu cha jamii hiyo mwaka 1960.) Watazamaji walisema wameona rangi na maumbo, wakati kwenye mkanda hakuna rangi hata chembe.

Inakuwaje? Sehemu ya ubongo inayoshughulika na kuona iko kisogoni. Kila mwanga unapowaka, seli zake nyingi husisimka kwa pamoja. Mwanga ukiwaka kama mara 10 kwa sekunde unakaribia mdundo wa umeme wa ubongo wenyewe, na msisimko ule haubaki sare. Unajipanga kwa mistari na miduara, nasi tunauona kama picha.

Sasa, Conrad aliweka onyo mwanzoni mwa filamu, na hakuwa anatia chumvi. Kwa wachache wenye kifafa, mwanga wa namna hii huamsha degedege. Desemba 1997 katuni ya Pokémon ilimulika nyekundu na buluu mara 12 hivi kwa sekunde, na mamia ya watoto Japani wakakimbizwa hospitali. Kwa hiyo taa za disko kwenye harusi, au runinga mbovu inayopepesa kwenye banda la video, si mchezo kwa kila mtu.

Ukianza kujisikia vibaya, funika jicho moja kabisa kwa kiganja na ugeukie pembeni. Kufumba yote mawili hakutoshi, mwanga hupenya kope, kama kule kwenye basi. Mwenzako akianguka, mlaze ubavu, usimtie kijiko mdomoni, na wala usiogope mate yake, kifafa hakiambukizi. Ikipita dakika tano bado anatetemeka, mpeleke hospitali.