Alaric na Kaisari wa Roma

Mji wa Roma uko katika nchi ya Italia, bara la Ulaya. Zamani mji huo ulikuwa kichwa cha dola kubwa. Dola hiyo ilitawala nchi zote zinazoizunguka Bahari ya Mediterania. Upande wa kusini ilishika Misri na pwani ya Afrika ya Kaskazini. Upande wa kaskazini ilifika Uingereza. Mtawala wake mkuu aliitwa Kaisari.

Katika habari hii tutasoma juu ya mtu mmoja aitwaye Alaric. Hakuwa Mrumi. Alikuwa kiongozi wa watu walioitwa Wagothi. Kwa muda wa miaka 15, kuanzia mwaka 395 hadi mwaka 410, alipatana na serikali ya Kaisari, akagombana nayo, kisha akarudi tena kuzungumza. Alitaka nini? Na kwa nini hakukipata?

WAGOTHI WALIKUWA NANI?

Warumi waliwaita watu wa nje ya mipaka yao "barbari". Neno hilo walilipata kwa Wagiriki. Mgiriki aliposikia lugha asiyoijua, aliona kama mtu anasema "bar-bar-bar" tu. Kwa Kiswahili tungesema "washenzi". Ni neno la dharau, na mwenye kudharau mara nyingi hamjui anayemdharau. Wagothi walikuwa wakulima na wafugaji. Wengi wao walikuwa Wakristo, na Alaric mwenyewe alikuwa Mkristo.

Wagothi walikaa ng'ambo ya mto Danube, nje ya mpaka wa dola. Mwaka 376 walifukuzwa katika nchi yao na kabila la wapanda farasi lililoitwa Wahun. (Hilo ni jina la kabila, msomaji usije ukadhani ni wahuni wa mitaani.) Wagothi wakaomba ruhusa ya kuvuka mto. Kaisari Valens alikubali, maana alihitaji askari na wakulima.

Lakini maofisa waliotumwa kuwapokea wakimbizi hao walikuwa watu wa tamaa. Chakula kilipokuwa haba, maofisa waliwauzia Wagothi nyama ya mbwa. Bei ilikuwa mbwa mmoja kwa mtumwa mmoja. Hata watoto wa wakubwa wa Wagothi walichukuliwa utumwani kwa njia hiyo. Habari hii haikuandikwa na Mgothi. Iliandikwa na Ammianus, askari wa zamani wa jeshi la Kirumi.

Wagothi waliasi. Mwaka 378, karibu na mji wa Adrianople, ambao leo uko Uturuki, walilivunja jeshi la Warumi. Kaisari Valens aliuawa hapo. Baada ya hapo Warumi walilazimika kupatana nao. Mwaka 382 Wagothi walipewa ardhi ndani ya dola, nao wakaahidi kutoa askari.

Waliitimiza ahadi hiyo. Mwaka 394 Kaisari Theodosius alipigana na Mrumi mwenzake aliyetaka kiti chake. Wagothi waliwekwa mstari wa mbele. Mwandishi mmoja wa zamani anasema walikufa 10,000. Kaisari alishinda, lakini Alaric, aliyekuwa mmoja wa viongozi wa askari hao, hakupewa cheo alichokitarajia.

MAMBO MATATU

Mwezi wa Januari mwaka 395 Theodosius alifariki. Dola iligawanywa kwa wanawe wawili. Arcadius alipewa Mashariki, akakaa Constantinople, mji ambao leo unaitwa Istanbul. Honorius alipewa Magharibi. Huyu Honorius alikuwa mtoto wa miaka 10. Aliyeshika kazi kwa niaba yake alikuwa jemadari Stilicho.

Mwaka huo huo Wagothi walimfuata Alaric na kuanza kudai. Madai yao yalikuwa ya namna tatu: mahali pa kukaa, chakula cha hakika, na cheo cha jemadari wa Kirumi kwa kiongozi wao. Cheo hicho hakikuwa cha fahari tu. Jemadari wa serikali alikuwa na haki ya kuchukua nafaka na silaha katika maghala ya serikali, na askari wake walilipwa mshahara. Mtu asiye na cheo, akichukua gunia moja, anaitwa mwizi.

Alaric aliona kwamba serikali hizo mbili hazipendani. Akawa kama mwenye ng'ombe aliyepata wanunuzi wawili. Kwanza aliingia Ugiriki akateka mali na kuharibu miji. Tusimfiche hapa: wanakijiji wengi wasio na hatia waliumia. Mwaka 397 serikali ya Mashariki ilimpa cheo cha jemadari ili atulie. Baada ya miaka michache, wakubwa walibadilika huko na mapatano yakafa.

Mwaka 401 Alaric aliingia Italia. Stilicho alipigana naye mara mbili, akamrudisha nyuma, lakini hakummaliza. Watu wengi wanaamini kwamba Stilicho alimwacha kwa makusudi, kwa sababu alimhitaji.

Mwaka 402 Honorius alihamia mji wa Ravenna. Mji huo ulizungukwa na vinamasi, na jeshi halikuweza kuufikia kwa urahisi. Kumbuka jambo hili, maana ndilo ufunguo wa habari yote. Tangu hapo, mwenye kuamua alikaa Ravenna, naye alikuwa salama. Walioumia kwa uamuzi wake walikaa Roma.

DENI

Baadaye Stilicho alimwajiri Alaric kwa kazi ya vita, akamweka magharibi ya Ugiriki. Alaric alingoja na watu wake, lakini vita yenyewe haikufanyika. Mwaka 408 alidai malipo ya kungoja: ratili 4,000 za dhahabu. Baraza la Wazee la Roma, ambalo Warumi waliliita Seneti, lilikasirika. Mzee mmoja alisema kwamba kulipa huko si amani bali ni utumwa. Stilicho alilishawishi Baraza, na malipo yakakubaliwa.

Kabla fedha haijatoka, maadui wa Stilicho walimchongea kwa Honorius. Aliuawa tarehe 22 Agosti, 408. Kisha likafuata jambo baya zaidi. Katika miji ya Italia, wake na watoto wa askari wa kigeni waliokuwa wakilitumikia jeshi la Roma waliuawa. Wanaume hao waliondoka kwa hasira wakamfuata Alaric. Inasemekana walikuwa 30,000. Hivyo serikali ilimuua jemadari wake mwenyewe, ikamwongezea adui askari kwa mikono yake, na deni la dhahabu halikulipwa.

NJAA YA ROMA

Alaric hakwenda Ravenna kwenye vinamasi. Alikwenda Roma. Aliziba malango yote na kuufunga mto Tiber, ili nafaka isifike kutoka bandarini. Mgawo wa mkate wa kila siku ulipunguzwa ukawa nusu, kisha theluthi. Laeta, mjane wa Kaisari wa zamani, aliwagawia maskini chakula kutoka nyumbani kwake. Hakikutosha. Watu walikufa, na maiti zilibaki mjini kwa kuwa makaburi yalikuwa nje ya ukuta.

Wajumbe walitoka kwenda kwa Alaric. Walianza kwa kumtisha: watu wa Roma ni wengi, nao wako tayari kupigana. Alaric alicheka. Aliwajibu kwamba majani yakisongamana ndipo hufyekwa kwa urahisi. Kisha akataja bei yake: dhahabu yote, fedha yote, vyombo vyote vya thamani, na watumwa wote wa kigeni. Wakamwuliza atawaachia nini. Akawaambia atawaachia roho zao.

Huo ulikuwa mwanzo wa kupatana bei tu. Mwishowe walikubaliana hivi: ratili 5,000 za dhahabu, ratili 30,000 za fedha, kanzu 4,000 za hariri, ngozi 3,000 zilizotiwa rangi nyekundu, na ratili 3,000 za pilipili manga.

Tuhesabu pamoja. Ratili ya Kirumi ilikuwa karibu theluthi ya kilo. Basi dhahabu ilikuwa zaidi ya kilo 1,600. Ukifikiri gunia la kilo 100, ni uzito wa magunia 16. Fedha ilikuwa karibu magunia 98. Pilipili ilikuwa karibu magunia 10. Usishangae kuiona pilipili pamoja na dhahabu. Ilitoka India kwa meli zilizoendeshwa na pepo za msimu, ndugu wa zile tunazoziita Kaskazi na Kusi, nayo ilikuwa mali ghali.

Wazee wa Roma walichanga, lakini haikutosha. Wakayeyusha sanamu zao za dhahabu na fedha. Mojawapo ilikuwa sanamu ya Ushujaa. Wakati huo karibu watumwa wote wa Roma walitoroka wakaenda kwa Alaric, na jeshi lake likafika watu 40,000.

BARUA ILIYOSOMWA KWA SAUTI

Roma ililipa, lakini amani ilipaswa kutiwa sahihi na Honorius. Mwaka 409 Alaric alikwenda mji wa Rimini, karibu na Ravenna, kuzungumza na waziri aitwaye Jovius. Alaric alidai dhahabu na nafaka kila mwaka, na ruhusa ya watu wake kukaa katika Venetia, Noricum na Dalmatia. Hizo ni nchi za kaskazini ya Italia na za jirani.

Jovius alimjua Alaric tangu zamani. Alimwandikia Kaisari kwa siri: mpe Alaric cheo cha jemadari, naye atapunguza madai mengine. Lilikuwa shauri jema. Honorius alijibu kwamba dhahabu na nafaka zinaweza kutolewa, lakini cheo hicho hatampa kamwe Alaric wala mtu wa ukoo wake.

Jovius alifanya nini na barua hiyo? Aliifungua na kuisoma kwa sauti, Alaric akisikiliza. Mimi husoma habari hii mara nyingi, na kila nifikapo hapa husikitika. Barua ambayo ingezungumzwa faraghani ilisomwa hadharani, na kiongozi akavunjiwa heshima mbele ya watu wake. Alaric alikasirika, akaamuru jeshi liende Roma.

Jovius aliogopa kuonekana rafiki wa Wagothi. Alirudi Ravenna, akamwapisha Kaisari kwamba hatafanya amani na Alaric kamwe. Kisha yeye na wakubwa wengine wakaapa hivyo hivyo, wakishika kichwa cha Kaisari.

Njiani hasira ya Alaric ilipoa. Akawatuma maaskofu wapeleke madai mapya. Hakutaka cheo tena. Hakutaka dhahabu. Aliomba Noricum peke yake, nchi ya kando ya mto Danube iliyovamiwa mara kwa mara na isiyoiletea serikali kodi ya maana. Sehemu yake kubwa leo ni Austria. Aliomba pia nafaka, kiasi ambacho Kaisari mwenyewe angeona kinatosha. Naye angekuwa rafiki wa Roma na kupigana na adui zake.

Nilipowasomea wanakisomo wangu habari hii, mama mmoja alinikatiza akasema, "Mwalimu, huyu mshenzi mbona anaomba shamba na chakula tu?" Darasa zima lilicheka, lakini mama huyo alikuwa amesema kweli. Hata mwandishi wa zamani aliyeisimulia alishangaa upole wa madai hayo.

Ravenna walikataa. Walisema kama wangeapa kwa Mungu, Mungu angeweza kuwasamehe. Lakini wameapa kwa kichwa cha Kaisari, na kiapo hicho hakivunjwi.

MALANGO YANAFUNGUKA

Alaric akatafuta njia nyingine. Kama Kaisari hampi cheo, atatengeneza Kaisari wa kumpa. Mwishoni mwa mwaka 409 alimsimika mzee wa Seneti aitwaye Attalus, na Attalus akampa ujemadari. Lakini gavana wa Afrika ya Kaskazini alikuwa upande wa Honorius. Aliizuia nafaka, na Roma ikaona njaa tena. Honorius naye alipata askari kama 4,000 kutoka Mashariki, akaacha mpango wa kukimbia. Mwaka 410 Alaric alimvua Attalus taji, akalipeleka kwa Honorius ili wazungumze upya.

Walikubaliana kukutana karibu na Ravenna. Kabla hawajapatana, Mgothi mwingine aitwaye Sarus, adui wa Alaric aliyewatumikia Warumi, alimshambulia. Alaric aliamini kwamba amesalitiwa. Hakurudi kuzungumza tena.

Usiku wa tarehe 24 Agosti, 410, lango la Salaria lilifunguliwa kutoka ndani. Wagothi waliingia Roma. Adui wa kigeni alikuwa hajauteka mji huo kwa karibu miaka 800. Waliteka mali kwa siku tatu. Alaric aliamuru makanisa ya Mtume Petro na Mtume Paulo yasiguswe, na waliokimbilia humo walipona. Kwingine watu waliuawa na nyumba zilichomwa.

Kuna kisa kilichoandikwa miaka zaidi ya 100 baadaye. Honorius alikuwa na kuku aliyempenda, jina lake Roma. Alipoambiwa kwamba Roma imeangamia, alilia kwamba sasa hivi tu alikuwa akimlisha punje mkononi. Alipoelezwa kwamba ni mji, alishusha pumzi. Huenda ni masimulizi tu, lakini yanaonyesha watu walimfikiriaje.

Alaric aliondoka Roma na dhahabu nyingi, lakini mji ulikuwa hauna nafaka. Alielekea kusini ili avuke kwenda Afrika ya Kaskazini kwenye mashamba ya ngano. Dhoruba ilizivunja meli zake. Kabla mwaka haujaisha alifariki, watu wake wakiwa bado hawana mahali pa kukaa.

Wagothi waliendelea kutangatanga hadi Ufaransa na Hispania. Galla Placidia, dada yake Honorius kwa baba, alikuwa mateka mikononi mwao. Mwaka 416 walimrudisha, wakapewa vipimo 600,000 vya nafaka. Kipimo kimoja kilikuwa karibu nusu debe. Mwaka 418 walipewa pia ardhi ya kukaa, kusini-magharibi ya nchi ambayo leo ni Ufaransa, kwa sharti la kuwa askari wa Roma. Ilikuwa ardhi yenye rutuba, bora kuliko Noricum aliyoiomba Alaric. Kaisari aliyeitoa alikuwa Honorius yule yule.