Diwani ya Mapenzi katika Televisheni: Umbo na Maana

Makala haya yanakusudia kueleza umbo la mchezo wa televisheni ambalo bado halijapata jina thabiti katika istilahi yetu, yaani ule mfululizo ambao kila sehemu yake ni hadithi kamili yenye wahusika wake. Twaweza kuuita diwani, kwani katika diwani kila shairi hujitegemea, ingawa yote hukaa ndani ya jalada moja.

Mfano wetu ni Modern Love wa Marekani, ulioandaliwa na John Carney na kuanza kuonyeshwa mwaka 2019 ukiwa na sehemu 8. Chimbuko lake ni safu ya gazeti la The New York Times iliyoanza mwaka 2004, ambamo waandishi husimulia mapenzi yaliyowapata wenyewe. Kila sehemu huchukua takribani nusu saa.

Hapa ndipo suala linapozuka. Uchumba una mwanzo na kilele, hivyo waenea katika nusu saa. Ndoa ya miaka mingi hujengwa kwa mazoea, na mazoea hayaigiziki upesi. Je, umbo fupi laweza kubeba penzi refu?

Sehemu ya 4 yajibu kwa kutumia ishara. Sarah na Dennis, mke na mume wenye watoto, wamechokana. Wanakwenda kwa mshauri wa ndoa, tena wanacheza tenisi pamoja. Mpira unaovuka wavu na kurudi washika nafasi ya mazungumzo yaliyowashinda. Nasi twaisoma ndoa yao katika namna wanavyorudishiana mpira.

Sehemu ya 8 yatumia mbinu nyingine. Margot na mumewe walipendana uzeeni, kisha mumewe akafariki. Baada ya mazishi, Margot akimbia mvuani, na njiani twawaona tena wahusika wa hadithi zilizotangulia. Diwani yageuka kuwa mji mmoja, na penzi la kila mmoja lapimwa kwa kifo.

Kwa hiyo umbo hili halisimulii urefu wa penzi, bali huuashiria. Hiyo ndiyo nguvu yake. Udhaifu wake ni kwamba hadhira huonyeshwa tunda la uvumilivu pasipo kuuona uvumilivu wenyewe, siku baada ya siku. Mhakiki hana budi kuyapima yote mawili kabla ya kutoa hukumu.