Kufunga mupaka, je, itatuletea kazi?

Bandugu, kila mara Zambia inazuia mahindi kutoka, bei ya bunga inapanda ku Lubumbashi, na batu banasema: « Sasa njo zamu ya mashamba yetu, batu ba agronomi batapata kazi. » Mimi niko na lisansi ya agronomi, ningefurahi iwe vile. Lakini kuna bataalamu batatu ba uchumi benye banatusaidia kuelewa juu ya nini kazi haikuji mbio: Peter Diamond, Dale Mortensen na Christopher Pissarides. Balipata Tuzo ya Nobel mu mwaka wa 2010.

Banaeleza hivi. Ku soko ya Kenya unaona nyanya, unalipa, unakwenda. Kazi haiko vile. Mwenye kutafuta anatumia transpo, fotokopi na miezi. Patroni naye anatumia muda na feza mbele ya kupata mutu mwenye anafaa. Njo maana nafasi na mwenye kuitafuta banaweza kuwa mu muji moja bila kukutana. Tena, patroni anafungua nafasi kama anaona itamulipa kwa muda murefu, si kwa miezi mbili tatu.

Sasa angalia mupaka yetu. Mu 2024 Zambia ilipata ukame mukali, tarehe 29 Februari rais wao akatangaza janga ya taifa. Mu Agosti, kisha Congo kuzuia bia na vinywaji vya kwao, Zambia ikafunga Kasumbalesa siku chache, ikafungua tena. Mu kobalti ni vile vile: tarehe 22 Februari 2025 Kinshasa ilisimamisha kuiuza inje kwa miezi ine, ikaongeza, na tangu 16 Oktoba ikaweka kiwango ya tani.

Jiweke mu nafasi ya mwenye shamba ku Kipushi. Bei ya leo ni nzuri. Lakini udongo wetu uko na asidi mingi: inaomba chokaa, na misimu kadhaa mbele shamba ilipe. Kama mwaka kesho mahindi ya bei chini inaingia tena, mushahara yako itatoka wapi? Basi anakamata vibarua ba musimu moja, na wewe unabakia na dosie mu mukono.

Kwa hiyo, tukisikia « tulinde mahindi yetu », tuulize pia: kwa miaka ngapi, na mulimaji atajulishwa mbele ya kupanda? Sheria yenye inabadilika kila musimu inapandisha bei ya bukari, lakini haimupe mutu nguvu ya kuandika mukataba wa miaka tatu.